Mwanangu na hip hop: nawajibu mnaosema ameharibikia Ujerumani

Habari zenu wapendwa, za Mwanjelwa, za Uyole, za Tukuyu. Leo sipiki wala sitembei mjini, nimekaa nijibu hili swali maana kila nikipandisha video linarudi, "mama, kijana wako mbona kawa msela, suruali inaburuza, kurap tu, umeshindwa kulea?" Nikijibu mtasema naringa na mtoto wa Ulaya, nikilalamika mtasema si urudi. Haya.

Ana miaka 17, kazaliwa hapahapa Heidelberg, ila siku anazaliwa mimi nilikuwa sijafikisha ile miaka 8 ya kuishi kihalali, basi uraia wa kuzaliwa akaukosa, ana pasipoti ya Tanzania na kadi ya ukaazi. Kuomba uraia mtu mzima ni euro 255, ada tu hiyo, bado kutafsiri vyeti, na kuna ofisi walinirudisha mara tatu kisa jina langu kwenye cheti limepishana herufi moja, nililia kwenye basi jamani. Na hata akiupata, Ujerumani tangu Juni 2024 wanaruhusu uraia pacha lakini kwetu bado, kwahiyo akichukua wa huku anapoteza wa kwetu. Shuleni wanamuuliza kwenu hasa ni wapi. Nikamleta Mbeya likizo, watoto wa shangazi yake wakamwita mzungu, hakutoka ndani siku mbili. Hilo bado linaniuma.

Sasa huyu aongelee wapi? Hapahapa Heidelberg lilikuwepo kundi la Advanced Chemistry, Torch mama yake Mhaiti, Toni-L asili Mwitaliano, Linguist asili ya Ghana, mwaka 1992 walirap hayohayo, pasipoti ya Kijerumani unayo na bado unaitwa mgeni. Hata Kool Herc, yule DJ anayeitwa baba wa hip hop, alihamia Bronx kule New York akiwa mtoto, katokea Jamaica. Na sisi wa Mbeya ndo tuseme rap uhuni? Sugu, mwanarap wetu, si tulimpa kura 2010 akaingia bungeni?

Hayo ni ya kwangu lakini, mwanao unamjua mwenyewe, mimi wangu akishika bangi tutaongea lugha nyingine.

Juzi kaniuliza neno gani la Kijerumani linaendana kwa vina na "ndaga fijo", yaani asante sana kwa Kinyakyusa, nikakwama, kampigia bibi yake Tukuyu wakaongea saa nzima, Kinyakyusa kidogo, Kiswahili cha kuokoteza. Desemba tunakuja, nauli nadunduliza. Mkimwona Mwanjelwa mwiteni jina lake.