Ng'ambo ya Upeo wa Nuru

Ndugu zangu, asanteni kwa kuja. Mmeniuliza kuna nini huko tusikoweza kuona.

Ulimwengu una umri wa miaka bilioni 13.8, lakini vitu vya mbali kabisa ambavyo nuru yake imetufikia sasa viko umbali wa miaka ya nuru kama bilioni 46 (mwaka wa nuru ni umbali ambao nuru husafiri kwa mwaka mmoja), kwa kuwa anga limezidi kutanuka nuru ikiwa njiani. Pale hakuna ukuta. Aliyeko huko naye ana upeo wake, na sisi ndio tuliomo ukingoni.

Huenda basi hata hiyo ng'ambo haipo? Hapo ndipo utamu ulipo. Chukueni kanga inayonyumbuka, muunganishe pindo la kulia na la kushoto, kisha la juu na la chini. Sisimizi akinyoosha njia atarudi alikotoka bila kukuta ukingo. Ulimwengu nao ungeweza kujizungusha hivyo. Na kama ungekuwa mdogo kuliko upeo wetu, nuru ya mahali pamoja ingetujia kutoka pande mbili.

Wanafizikia Cornish, Spergel na Starkman waliona kwamba jambo hilo linapimika. Nuru kongwe kuliko zote, iliyoanza safari ulimwengu ukiwa na miaka 380,000 hivi, ingebeba jozi za duara angani zenye madoa yaleyale ya joto na baridi. Wakazitafuta katika vipimo vya WMAP, chombo cha angani kilichopima nuru hiyo, na mwaka 2004 wakatangaza kwamba hawakuziona. Chombo cha Planck, kilichorushwa 2009, nacho hakikuziona. Kwa hiyo, angalau kwa maumbo yaliyopimwa, kama ulimwengu unajizungusha, unafanya hivyo mbali kuliko tunavyoona.

Basi ng'ambo kuna nini? Dau langu ni galaksi, kama hizi hizi. Habari za malimwengu mengine zina hesabu nzuri, ila kipimo sijakiona.

Kinachonisumbua mimi ni kingine. Tangu 1998 tunajua kutanuka kunaongeza kasi. Galaksi iliyo mbali, tuseme, miaka ya nuru bilioni 20, tunaweza kuiona kwa nuru yake ya kale, lakini inayotoka humo leo haitatufikia kamwe, hata tukingoja milele.

Haya, maswali. Tuanze na mama wa pale nyuma.