Kiapo cha Chumvi: Kuunda Madhehebu ya Falsafa kwa Ulimwengu wa Kubuni

KHERI: Karibuni. Leo tuko na waandishi wa fantasia. Kuna ugonjwa mmoja umeenea kwenye miswada: mzee wa ndevu nyeupe yuko juu ya mlima, anatoa methali tano, na mwandishi anatwambia hiyo ndiyo falsafa ya watu wale.

SAUMU: Na hakuna anayembishia! Hayo ni maandishi ya kanga, kaka, si falsafa.

KHERI: Henry Odera Oruka, aliyefundisha falsafa Chuo Kikuu cha Nairobi, aliwatenga wenye hekima mafungu mawili. Kuna anayeijua vizuri hekima ya jamii yake na kuikariri, na kuna anayeipima, hata akaipinga. Mwandishi aanze na huyu wa pili.

SAUMU: Basi tuunde madhehebu sasa hivi. Usianze na mafundisho. Anza na jambo moja ambalo kwetu halipo, lakini kule linamgusa hata muuza samaki. Tuseme hivi: mtu akiweka chumvi ulimini akaapa uongo, sauti inampotea mpaka mwezi uandame tena.

KHERI: Simama hapo hapo. Chumvi inaadhibu uongo, au inaadhibu kosa?

SAUMU: Kuna tofauti kubwa?

KHERI: Ndipo ulimwengu mzima unapobomokea. Ikiadhibu kosa, yaani kauli yoyote isiyo kweli hata kama msemaji anaiamini, umewapa watu chombo cha kujua kila kitu. Mfalme atapanga wafungwa wanne: huyu aape adui yuko kaskazini, yule kusini, na kadhalika. Atakayebaki na sauti ndiye jibu. Tabibu atafanya vivyo hivyo kwa ugonjwa, mchimbaji kwa dhahabu. Hakuna fumbo litakalosalia, na riwaya imekufa kabla ya sura ya pili.

SAUMU: Basi iadhibu kusema usichokiamini, hilo tu. Na ukishachagua hivyo, swali linakuja lenyewe. Mtu anaapa kwa moyo mweupe kwamba amemsamehe nduguye, na sauti inakatika. Kumbe hajamsamehe, na yeye mwenyewe hakuwa na habari! Sasa, je, mtu anakijua anachokiamini?

KHERI: Hapo tumepata madhehebu. Tuwaite Walambachumvi. Wanasema chumvi ni ya kujipima nafsi, si ya kumshinda mwenzio barazani kwa hakimu. Mfuasi anaapa alfajiri, peke yake, sentensi moja.

SAUMU: Piga hesabu ya gharama. Sentensi ikimkataa, mwezi mzima hana sauti. Dalali hawezi, mwimbaji hawezi. Kwa hiyo wafuasi watakuwa wasusi, wavuvi, makarani. Hapo wengi hulegea, wanaandika mafundisho na kusahau riziki. Tazama wafuasi wa mwanafalsafa Mozi katika China ya kale. Walipinga vita vya uvamizi, lakini hawakuishia kwenye maneno. Walikuwa mafundi wa kulinda miji iliyozingirwa, na maandiko yao yana sura nzima za ufundi huo.

KHERI: Sasa mpinzani, na usimpe hoja dhaifu. Wakataakiapo wanasema chumvi haiadhibu uongo, inaadhibu shaka. Mjinga hana shaka. Anaapa mambo kumi na sauti yake iko palepale. Mwenye kupima mambo anaapa moja tu, ananyamazishwa. Mahakama ikitegemea chumvi, itawapa ushindi wenye kujiamini.

SAUMU: Mimi tayari nimehamia kwao.

KHERI: Lakini watalipia. Hakimu hapokei ushahidi wao, kwa hiyo biashara yao yote ni ya maandishi. Mkataba unaandikwa mara mbili kwenye ngozi moja, unakatwa katikati kwa mkato wa kupindapinda, kila upande unachukua nusu. Siku ya ugomvi nusu zinaunganishwa. Kwa hiyo mtaa wao utakuwa na makarani na wachuna ngozi, na harufu ya ngozi itamwambia msomaji yuko wapi.

SAUMU: Maandiko ya madhehebu je? Watu huandika kitabu kizima cha mwanzilishi.

KHERI: Kazi bure. Chrysippus, gwiji wa Wastoa, madhehebu ya falsafa ya Ugiriki ya kale, anatajwa kuwa aliandika vitabu zaidi ya 700, na tulichobaki nacho ni vipande. Charvaka, wanafalsafa wa India ya kale waliokana maisha baada ya kifo, tunawajua zaidi kwa maneno ya waliowapinga. Kwa hiyo andika kwanza ukurasa mmoja wa mpinzani akiwashambulia, umnukuu mwanzilishi ndani yake. Maneno 200 ya mwanzilishi yanatosha, na mengine acha yawe yamepotea.

SAUMU: Halafu uwagombanishe wanafunzi wake. Mmoja anasema aliyenyamazishwa avae uzi mweusi mkononi, watu wajue anajipima. Wa pili anasema uzi ukishaonekana umekuwa pambo, na vijana wataapa uongo makusudi wapate kuonekana wacha Mungu.

KHERI: Wa pili ana haki.

SAUMU: Ndiyo, lakini wa kwanza atapata wafuasi wengi. Jaribio ninaloliamini ni hili: chukua ugomvi mmoja mdogo, tuseme deni la mashua, ulipeleke kwa kila kundi. Makundi mawili yakiamua sawasawa, kwa sababu zilezile, moja ni la ziada. Lifute.

KHERI: Kuna tundu tumeliacha, dada. Bubu anaapaje?

SAUMU: Kwa mikono, na mikono ndiyo itakayoganda.

KHERI: Na anayeapa kwa kalamu, chumvi ikiwa ulimini?

SAUMU: Hapo fikiri sana. Ukisema chumvi inamshika, Wakataakiapo hawana tena sababu ya mikataba yao, maana hata karatasi ina kiapo. Ukisema haimshiki, kila mwongo wa mji ule atakwenda kujifunza kuandika.

KHERI: Mimi ningesema haimshiki.

SAUMU: Na mimi pia. Ada ya makarani ipande!