Baba, Mama Wadogo na Habeas Corpus

REHEMA: Tuanze na kesi yenyewe, sheria itajileta. India, mtoto wa kike, kazaliwa 2017. Mama yake aligundulika na saratani ya matiti akiwa bado mjamzito. Baba naye akaugua kifua kikuu, akalazwa. Mtoto akachukuliwa na upande wa mama.

JUMA: Ndugu ndio hao.

REHEMA: Mama akafariki Oktoba 2018. Baba alipopona akamtaka mwanawe, wakakataa.

JUMA: Mimi nawaelewa, dada. Umefua nepi, umekesha na mtoto anaota meno, halafu mtu anakuja anasema nipe!

REHEMA: Baba akaenda Mahakama Kuu ya Bombay kuomba habeas corpus.

JUMA: Hiyo si ya mtu aliyekamatwa na polisi hajulikani aliko?

REHEMA: Ndivyo tunavyoisikia kwenye habari. Lakini amri inasema tu: wewe unayemshikilia mtu, mlete mbele ya jaji, ueleze unamshikilia kwa haki gani. Polisi au mama mdogo, swali ni lile lile.

JUMA: Na si kwamba ilitenda wema siku zote. Uingereza, 1804, baba alimnyakua mtoto wa miezi minane, ananyonya. Mama akaomba amri hiyo hiyo, majaji wakamwambia mwenye haki ni baba. Mpaka sheria ya 1839 ndipo kina mama wakafunguliwa mlango kidogo, tena kwa watoto chini ya miaka saba.

REHEMA: Basi wale ndugu wa India wakajitetea: malezi yana sheria yake ya 1890, aende mahakama ya kawaida mashahidi wasikilizwe. Mei 2019 Mahakama ya Juu ikawakatalia. Kwa sheria ya Wahindu ya 1956 baba ni mlezi wa asili, nao hawakuwa na amri yoyote ya mahakama mkononi.

JUMA: Kwa hiyo ukiwa baba, umemaliza?

REHEMA: Hata! Jaji bado anatazama maslahi ya mtoto. Ndugu nao waliachiwa nafasi ya kumwona.

JUMA: Kinachonikera ni kwamba mambo haya huamuliwa kwa hati za kiapo. Shahidi habanwi maswali.

REHEMA: Ndiyo maana mahakama ile ile ilisema, penye mambo ya kuchunguzwa kwa kina, jaji anaweza kukataa ombi na kuwarudisha kwenye kesi ya kawaida.

JUMA: Na hapa Kenya?

REHEMA: Ibara ya 25 ya Katiba inasema haki ya habeas corpus haiwekewi mipaka. Lakini ibara ya 53 inawapa baba na mama wajibu sawa, wameoana hawajaoana. Sasa wakigombana wao wawili na hakuna amri iliyotolewa, utasema nani anamshikilia mtoto kinyume cha sheria?

JUMA: Na kama amri ipo, mmoja kaondoka na mtoto?

REHEMA: Hapo una pa kushika. Nakala ya amri hiyo ndiyo ya kwanza kuambatishwa kwenye kiapo chako.