Kwale wa Udzungwa: namna ya kumtafuta na kumlinda

Ndugu walinzi wa misitu, ndugu wanafunzi, karibuni.

Ndege wa leo ni wa familia ya kuku, tausi na fezanti. Sayansi ilimfahamu mwaka 1991 tu, na dalili ya kwanza ilikuwa miguu yake ndani ya sufuria ya chakula kambini. Maelezo rasmi yakatoka 1994. Kinachonishangaza hadi leo ni kwamba jamaa zake wa karibu wako kwenye misitu ya Asia, si hapa kwetu.

Anaishi katika misitu ya Ndundulu, Luhomero na Nyumbanitu, kwenye Milima ya Udzungwa hapa Tanzania, kuanzia mita 1,300 hivi kwenda juu. Milima ya Rubeho nayo ina wake, ambaye baadhi ya wataalamu humhesabu kuwa spishi nyingine. Mdomo ni mwekundu, miguu ya njano, uso wa rangi ya kutu, tumbo la kijivu lenye madoa meusi. Urefu wake ni sentimita 29 hivi.

Ukiingia msituni, simama usikilize kwanza. Hutembea kwa vikundi vidogo wakichakura majani makavu kutafuta wadudu na mbegu, na mchakacho huo husikika kabla hujawaona. Usiku hulala juu ya matawi ya chini.

Kamera ya mtego, ile inayojipiga yenyewe kitu kikipita, ifungeni sentimita 25 hadi 30 kutoka ardhini. Ikikaa usawa wa kiuno, kwale atapita chini yake. Fyekeni majani yaliyo mbele ya kamera hatua tatu tu. Mkiyaacha, upepo utayatikisa, kamera itapiga picha tupu mpaka betri iishe. Isielekee mashariki wala magharibi, jua litaipofusha. Ndani wekeni kifuko cha kunyonya unyevu, maana ukungu wa kule ni mzito.

Sasa mitego, na hapa naomba tusikilizane. Mtegaji hujenga ua mfupi wa vijiti, huacha mapengo, kila pengo na kitanzi chake. Kwale ni ndege wa kutembea. Akikuta ua haruki, huufuata mpaka kwenye pengo. Ua mmoja unaweza kumaliza kikundi kizima, na funo, yule swala mdogo wa msituni, pia hunaswa humohumo.

Wengi wetu hukata vitanzi tukaondoka. Haitoshi! Kamba ni rahisi kuipata. Kazi kubwa ya mtegaji ni ule ua. Ng'oeni vijiti vyote, tawanyeni, kateni fito zilizopindwa ili kuvuta vitanzi, hesabuni vitanzi, andikeni mahali penyewe kwa GPS, kisha mrudi palepale baada ya wiki chache.