Mnaoniuliza Kuhusu Yule Mzee wa Bata

Haya jamani, hamjambo. Tangu niweke kile kipande cha video nikiimba na watoto wimbo wa yule bata wa katuni, swali ni lilelile: dada, mzee aliyemtunga huyo bata katokea Utrecht, huku Uholanzi, na wewe unaishi hukohuko Utrecht, sasa unakwama wapi? Nikijibu mtasema najisifu, nisipojibu mtasema Ulaya imenishinda. Basi nachagua kusemwa.

Mzee mwenyewe ni Herman van Veen. Kazaliwa hapa 1945, kasomea fidla na kuimba hapahapa, anaigiza, anachekesha, anaandika. Onyesho lake la kwanza la peke yake ni 1965. Bata wake, Alfred Jodocus Kwak, kamtunga 1976. Ile katuni ya televisheni mnayoiulizia, ambayo Wajapani walishiriki kuitengeneza, ni ya 1989. Pigeni hesabu wenyewe: miaka 24 toka jukwaa mpaka katuni. Mimi nina sita, na miwili ya mwanzo nilikuwa natandika vitanda hotelini.

Halafu mnadhani ni katuni ya kuchekacheka tu. Alfred anafiwa na wazazi na ndugu zake wote, wamegongwa na gari, analelewa na fuko, yule mnyama mchimba ardhi, anayeitwa Henk. Mchumba wake Winnie ni bata mweusi, yeye na familia yake wamekimbia nchi ambako weupe wanawabagua weusi. Hiyo imetengenezwa Mandela bado yuko jela! Mwanangu aliponiuliza kwa nini Winnie alikimbia kwao, nilizima televisheni, nikaenda kuchemsha chai kwanza.

Ila siri ya huyu mzee, kwa macho yangu, wala siyo bata. Mwaka 1968 alishaanzisha kampuni yake mwenyewe, Harlekijn. Kazi yake iko mikononi mwake. Na Kijerumani anakiimba, kwa hiyo Wajerumani nao wanamjazia kumbi. Mimi Kiholanzi chenyewe watoto wa miaka mitano wananisahihisha.

Sasa njooni kwenye makaratasi, maana hapo ndipo ninapokwama. Ukijitegemea hapa unajisajili biashara, unapewa namba ya kodi, na kila miezi mitatu unapeleka hesabu. Nikipiga ngoma mbele ya watoto, kodi ya mauzo ni asilimia 9. Nikiwafundisha watoto walewale ngoma ileile, kodi hiyo haitozwi kabisa. Na mimi siku moja nafanya yote mawili, saa moja baada ya nyingine! Kuna msamaha kama mapato yako hayavuki euro 20,000 kwa mwaka, lakini ukiuchukua hurudishiwi kodi uliyolipa kwenye manunuzi, na mimi mwaka ule nilishanunua spika.

Kuna ukumbi mmoja, siutaji, nilifanya onyesho mwezi wa tatu. Euro 275. Nauli ya treni yangu, ngoma mgongoni, mvua. Hela imeingia mwezi wa saba. Kisa? Ankara yangu haikuwa na namba ya oda, ile wanayotoa wao ukumbi kuonyesha kazi waliyoagiza, na hakuna aliyeniambia mpaka nilipopiga simu mara ya tatu. Wiki hiyohiyo kaka yangu Tanga anataka hela ya mabati. Nikamwambia subiri. Akaenda kuwaambia watu wa nyumbani nimebadilika, nimekuwa Mzungu. Kaka, najua unaangalia. Mabati si yalifika?

Hayo ni yangu mimi. Mwenye kibali cha aina nyingine, au mwenye mume anayejua kusoma barua za kodi, ataona wepesi. Usiache kazi yako Dar kwa maneno yangu, na usiikatae safari kwa maneno yangu.

Jumamosi nina watoto thelathini, na safari hii namba ya oda nimeiomba mapema, nikaiandika juu kabisa kwa wino mwekundu. Haya, ngoja niwaache, robo mwaka inaisha na risiti za treni sizioni.