Wale mnaowaita mazombi wa Marekani: nani aliwauzia kidonge?

Assalaam aleikum, Bwana asifiwe, habari za huko nyumbani ndugu zangu. Karibuni tena. Mimi niko salama hapa New Jersey, namshukuru Mungu, ila leo nina jambo limenikaa rohoni na lazima niliseme.

Zile klipu za mtaa wa Kensington, kule Philadelphia, zinazozunguka kwenye magrupu ya WhatsApp, watu wameinama katikati ya njia, wamesinzia huku wamesimama kwa ajili ya dawa za kulevya. Nimetumiwa tena, tena na watu wangu wa karibu kabisa, na maneno ya chini ni yale yale: mazombi wa Marekani. Jamani, wale ni watoto wa watu. Na wengi waliotangulia kwenye njia hii hawakuanzia kijiweni, walianzia kwa daktari. Mgongo unauma, au umetoka kufanyiwa upasuaji, unaandikiwa dawa, unakwenda dukani, unapewa kichupa cha rangi ya chungwa chenye jina lako.

Dawa yenyewe ni OxyContin. Ilitoka mwaka 1996, aliyeitoa ni kampuni ya Purdue Pharma, na wenye kampuni walikuwa familia ya Sackler. Ndani yake ni oksikodoni, ukoo mmoja na mofini na heroini. Maofisa mauzo wakasambazwa nchi nzima kuwaambia madaktari kwamba kidonge hiki kinatoa dawa kidogo kidogo kwa saa 12, kwa hiyo hatari ya uraibu ni ndogo. Haikuwa kweli. Mwaka 2007 kampuni ilikiri mahakamani kwamba iliinadi dawa kwa udanganyifu, ikalipa na wakuu wake zaidi ya dola milioni 600, halafu mauzo yakaendelea. Mwaka 2020 ikakiri makosa ya jinai kwa mara nyingine. Kati ya 1999 na 2022 jamii hii ya dawa, kuanzia vidonge, heroini hadi hii fentanyl ya sasa, ambayo ni kali kuliko heroini, imeua watu zaidi ya 700,000 Marekani.

Sasa nisikilizeni hapa. Miaka yote hiyo, jina la Sackler ungelikuta wapi? Kwenye kichupa halikuwepo. Lilikuwa ukutani, kwenye majumba ya makumbusho: Metropolitan na Guggenheim hapa jirani New York, Louvre kule Paris, Tate na British Museum kule London. Watu waliwajua kama wafadhili, watu wastaarabu wapenda sanaa.

Aliyelitoa jina ukutani akalipeleka kwenye kichupa, linakostahili kuwa, ni mama mmoja mpiga picha. Anaitwa Nan Goldin, amezaliwa 1953, na picha zake zimo kwenye makumbusho makubwa duniani. Mwaka 2014 akiwa Berlin alipata tatizo la mkono, akaandikiwa OxyContin. Alimeza kama alivyoelekezwa na bado ikamshika. Kutoka vidonge vitatu kwa siku akafika 18. Daktari alipogoma akanunua mtaani, na siku moja akavuta unga uliokuwa fentanyl, nusura afe. Wenye ndugu aliyepita huko wanaijua arosto ilivyo, yale mateso ya mwili ukiikosa dawa. Huyu mama aliipitia, akatoka 2017, akiwa na miaka zaidi ya 60. Akasoma habari za familia ya Sackler, akaanzisha kikundi, P.A.I.N., yaani maumivu.

Tarehe 10 Machi 2018 wakaingia Metropolitan kama wageni wengine. Mimi nimekwenda kusimama pale, niwaeleze palivyo. Ni ukumbi mkubwa, ukuta mmoja wote ni kioo, na katikati kuna hekalu la mawe la Dendur, limejengwa ukingoni mwa Nile miaka zaidi ya 2,000 iliyopita. Misri iliwapa Wamarekani lilipokuwa linakaribia kuzama kwa ajili ya bwawa la Aswan. Mawe ya Afrika, na jengo linaloyafunika likaitwa Sackler. Mbele yake kuna bwawa la maji. Akina Nan wakatupa humo mamia ya vichupa vya chungwa, na lebo imeandikwa OxyContin, umeandikiwa na familia ya Sackler. Kisha wakalala sakafuni kama maiti, wageni wanatazama.

Mwaka uliofuata, Februari, wakapanda ghorofa za Guggenheim wakamwaga kutoka juu maelfu ya karatasi za kuandikia dawa, zinaanguka kama theluji. Ni kwa sababu Richard Sackler, mmoja wa wanafamilia waliokuwa wakuu wa Purdue, siku ya kuizindua dawa, alitamba kwamba itafuatiwa na tufani ya theluji ya vyeti vya madaktari.

Lakini kilichovunja ukuta, kwa maoni yangu, si vichupa. Makumbusho ya National Portrait Gallery ya London ilitaka kuonyesha kazi zake, na wakati huo huo ilikuwa imeahidiwa pauni milioni 1 za Sackler. Nan akasema mkizipokea, picha zangu hamzipati. Machi 2019 msaada ule ukafa. Siku chache baadaye Tate wakakataa pesa zao, Guggenheim wakafuata. Julai Louvre wakaondoa jina. Desemba 2021 Metropolitan wakaliondoa kwenye kumbi saba, pamoja na ule wa Dendur. Msanii ana mtaji wake, na yeye aliuweka wote mezani. Wangemfungia milango, angebaki bila ukuta wa kutundika picha.

Familia inakana kuvunja sheria mpaka leo, na hakuna hata mmoja wao aliyekwenda jela. Hilo linaniuma. Machi 10, 2022 mahakama iliwalazimu kuwasikiliza waathirika kwa video, Nan akiwa mmoja wao. Richard alikuwepo kwa sauti tu, sura haikuonekana. Juni 2024 Mahakama ya Juu ikakataa makubaliano yaliyowakinga na kesi, na 2025 yakaja mengine ya dola bilioni 7.4. Wazazi waliozika watoto watapata sehemu ndogo sana ya hizo.

Nan mwenyewe alitibiwa, na anadai pesa hizo ziende kwenye matibabu. Kwetu matibabu yapo. Muhimbili inatoa methadoni, dawa ya kumsaidia mraibu wa heroini kuacha, tangu 2011, bure, na kwa kawaida mgonjwa anakunywa dozi yake mbele ya mhudumu. Malindi pia ipo. Mama zangu wa Tanga, Mombasa, Unguja, mwenye kijana anayekula unga na hajui aanzie wapi, niandikie faragha, nitakutafutia kituo kilicho karibu na wewe. Na ile klipu ukitumiwa tena, usiisambaze.