Picha Bila Santuri Yake

Walimu wangu, wanafunzi, asanteni kwa kunikaribisha.

Wengi mkisikia mtafiti wa nyaraka katika dokumentari, mnamfikiria yule anayetumwa kusaka picha za zamani za kujazia pale msimulizi anapoongea. Kazi hiyo ipo. Mimi leo nimekuja kuzungumzia sauti, maana hapo ndipo tunapodanganya watu sana.

Twendeni Vugiri, milima ya Usambara. Kati ya 1935 na 1937, Meja L. A. Notcutt na G. C. Latham waliendesha huko mradi wa sinema za kuwafundisha Waafrika ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment, kwa kifupi BEKE, kwa fedha zilizotoka hasa Carnegie Corporation ya New York. Walipiga filamu 35: minyoo ya safura, kodi, mmomonyoko wa udongo, soko la kahawa. Gari lao la sinema lilizunguka Tanganyika, Kenya, Uganda, hadi Nyasaland (Malawi ya leo) na Rhodesia ya Kaskazini (Zambia ya leo). Zinazojulikana kubaki ni tatu tu, ziko British Film Institute, Uingereza.

Sasa sikilizeni. Picha ilikuwa kwenye mkanda wa milimita 16, sauti kwenye santuri, ili mkanda uleule usemeshwe lugha mbalimbali kadiri gari linavyosonga. Mikanda hiyo mitatu imetufikia bubu. Unayaona mashamba ya Kingolwira, Morogoro, mwaka 1936, na husikii watazamaji waliambiwa nini juu yake.

Mhariri afanye nini? Mnajua atakachofanya: ataweka ngoma! Picha ya zamani ya Afrika ikikosa sauti, dawa ni ngoma. Mtafiti ndiye wa kumzuia. Amwambie mkanda huu ulikuwa na maneno, ulikuwa unafundisha na kuamrisha. Ukiupigia ngoma umeufuta ukoloni uliokuwa ndani yake. Kisha aisome ripoti ya Notcutt na Latham, iliyochapishwa London 1937, huku akikumbuka kwamba hao ni wenye mradi wakijisifia kazi yao.

Sauti ikiwapo mahali, itafutwe, hata kwa jasho. Katika *Apollo 11* ya Todd Douglas Miller, ya 2019, dokumentari ya safari ya kwanza ya watu kutua mwezini, kulikuwa na picha za chumba cha kuongozea safari kule Houston zilizopigwa bila sauti. Mazungumzo ya waongozaji yalirekodiwa kando, zaidi ya saa 11,000. Stephen Slater, mtafiti wa nyaraka wa filamu hiyo, alikaa akilinganisha midomo na kanda, neno kwa neno, mpaka watu wale wakaongea tena. Kwangu mimi huo ni uhariri wa filamu kama uhariri mwingine wowote, ingawa majina ya watafiti hupita mwishoni watu wakishasimama kutoka.

Kwa hiyo kwenye jedwali lenu la picha, pembeni ya tarehe, mwenye haki miliki na bei, ongezeni safu ya sauti: ya asili, iliyoongezwa, au iliyopotea. Mtayarishaji aisome na kuisaini kabla mhariri hajagusa chochote.